Nguo Walizobadilishana Sokoni

Krr, krr, krr.

Engracia alikuwa amepiga magoti mbele ya jiwe la kusagia, akisukuma mahindi yaliyolowekwa, polepole, ili asimwamshe mjukuu wake. Nje kulikuwa bado na giza, na ukungu wa mlimani ulikuwa umefika mpaka kizingitini. Lakini jiwe halijui kunong'ona.

“Bibi,” Tomasa akaita kutoka chini ya blanketi, “wachimbaji ni sita tu. Unasagia harusi?”

“Wamechimba tangu Jumatatu na mvua inawanyea. Leo watakula washibe, hata kama mikono yangu itang'oka.”

Tomasa akaamka akicheka, akawasha moto na kuweka kaango la udongo juu ya mafiga. Alikuwa na miaka kumi na saba na shingo ndefu ya mama yake, mama ambaye hakumbuki hata sauti yake. Akachukua donge la unga, akaanza kulipigapiga viganjani mpaka likawa chapati nyembamba.

“Leo tunamleta mama nyumbani,” alisema. “Nguo nyekundu ni ya Chemanil. Hakuna ubishi.”

Engracia aliendelea kusaga.

Katika milima ile, huipili ya mwanamke, yaani blauzi yake nzito ya kufumwa, husema kijiji chake kabla yeye hajafungua mdomo. Wa Chemanil huvaa nyekundu yenye ndege wa kijani kifuani. Wa Vipek, ng'ambo ya mto, huvaa ya bluu yenye nyota nyeupe. Kwa hiyo mjumbe wa daktari anayefukua mifupa ya waliouawa vitani alipopita jana, hakuna aliyeuliza swali. Shimo la kambi ya zamani ya jeshi, pale njia panda, lilikuwa limetoa mifupa ya wanaume watano na wanawake wawili. Mmoja alikuwa na huipili nyekundu, basi huyo ni Jacinta, binti Engracia. Mwingine alikuwa na ya bluu, basi huyo ni Cecilia, binti Feliciana wa Vipek. Ni wanawake hao wawili tu waliopotea mwaka ule katika njia ile. Njooni mchukue watu wenu.

Engracia peke yake ndiye aliyejua kwamba sivyo. Aliyevaa bluu ndiye mwanawe.

Kwa miaka kumi na sita alikuwa na neno hilo kooni kama mtu aliyemeza mfupa. Leo akinyamaza, atamzika mtoto wa mwenzake, na Jacinta ataenda kulala ng'ambo ya mto kwa jina la mtu mwingine, bila mama wa kumwashia mshumaa. Akisema, itabidi aseme yote, na aseme mbele ya Feliciana, ambaye tangu mwaka ule akikutana na mwanamke wa nguo nyekundu sokoni hutema mate chini.

Kulipopambazuka wakajitwika vikapu. Nyuma yao majirani wanne walibeba jeneza la msonobari ambalo seremala alikuwa amelitengeneza bure, akakataa hata kushukuriwa. “Nilicheza na Jacinta tukiwa watoto,” alisema tu, akaingia ndani haraka wasimwone macho.

Njia ilipita kando ya bonde la kahawa. Engracia alilitazama kama alivyolitazama kila mara, kwa jicho la mtu aliyeibiwa. Kwa mwaka mmoja bonde lile lilikuwa la baba yake. Serikali ile ya zamani, iliyowagawia maskini mashamba yaliyokuwa yamelala bure, ilimpa hati yenye mhuri. Baba hakujua kusoma, lakini alikuwa akiitoa hati Jumapili na kuwasomea wageni, akipitisha kidole juu ya maneno. Kisha Wamarekani wakaona mageuzi yale yanaigusa kampuni yao ya ndizi. Ndege zikaja, rais akaondoka, na wanajeshi wakazunguka kijiji kwa kijiji kukusanya hati. Baba alifungwa miezi mitano kwa kosa la kukubali shamba. Engracia alikuwa msichana mdogo. Tangu hapo hakuwahi kusikia mtu yeyote kutoka kule kaskazini akija kuuliza, jamani, yule mzee tuliyempokonya shamba anaendeleaje?

Njia panda, turubai la bluu lilikuwa limetandazwa juu ya miti. Wachimbaji walikuwa wamevua makoti yao. Engracia alifikiri wamepandwa na joto la kazi, mpaka alipoona makoti yenyewe yamefunika mifupa pale turubai lilipokuwa linavuja. Wao walikuwa wanatetemeka.

“Mungu awape wake wazuri,” aliwaambia akiwagawia chapati za moto na maharage.

“Bibi, mimi ni mwanamke,” mmoja akasema.

“Basi akupe mume anayejua kupika.”

Wakacheka wote, na Daktari Ileana akacheka pia. Alikuwa kijana kutoka mji mkuu, nywele fupi, magoti yamejaa matope. Alikula kwa mkono kama wao, akaramba vidole. Engracia alilipenda hilo.

Kando alisimama mgeni mmoja mrefu, mwenye kofia na kamera. Alikuwa Mmarekani, wa mradi fulani wa amani. Alimsogelea Engracia, akavua kofia na kusema kwa Kihispania, na Tomasa akamfasiria bibi yake.

“Anasema pole sana. Anasema inasikitisha nchi ndogo kama hii ilivyoteseka kwa chuki zake yenyewe. Anasema makosa yalifanywa na pande zote.”

Engracia akamwangalia mtu yule kuanzia viatu mpaka kofia.

“Muulize, chuki yetu ilijifunzia wapi kurusha helikopta?”

“Bibi!”

“Fasiri.”

Tomasa akafasiri, uso umewaka. Mgeni akababaika. Alisema wakati ule yeye alikuwa bado mwanafunzi.

“Mwambie na mwanangu alikuwa bado msichana. Mwambie wale vijana wa msituni nao siwasifu. Walikuja usiku wakatuambia ushindi uko karibu, wakala maharage yetu, na jeshi lilipokuja wao walikuwa wameshapanda mlima. Lakini wao hawakuwa na helikopta. Hawakuwa na ramani yenye pini nyekundu juu ya Chemanil. Hizo zililetwa na watu wanaojua kusoma ramani, waliofundishwa shule. Aseme shule za nani.”

Mgeni akaangalia matope. Engracia akavuta pumzi, kisha akachukua chapati mbili, akazikunjia maharage na kumpa.

“Ale. Amekonda,” alisema. “Lakini asiniambie tena mambo ya pande zote.”

Hapo ndipo watu wa Vipek walipotokea kwenye kona ya barabara, wakiwa na jeneza jeupe lililopakwa rangi vizuri na wanawake kumi hivi wa nguo za bluu. Mbele alikuwa Feliciana na chetezo cha ubani. Alikuwa amezeeka. Engracia alikuwa anamkumbuka mwanamke mnene mwenye kicheko. Huyu alikuwa mwembamba kama fimbo.

Daktari akaondoa makoti taratibu, moja baada ya jingine. Masanduku mawili ya mbao yalilala sambamba. Katika moja, nyekundu iliyofifia. Katika nyingine, bluu.

“Mama Feliciana,” daktari alisema kwa upole, “tazama kwa utulivu. Nguo hii unaijua?”

Feliciana akachuchumaa. Akapitisha vidole juu ya nyota nyeupe zilizogeuka rangi ya chai.

“Nimeifuma mimi. Hii nyota ya tatu niliikosea, nikaona uvivu kuifumua. Akaniambia, mama, iache, hiyo itakuwa nyota yangu.” Akainama, akaweka paji la uso juu ya kitambaa, juu ya mbavu, akaanza kulia na kuimba jina la Cecilia.

Engracia alisimama hatua tatu tu kutoka hapo. Hakuna mtu aliyewahi kumlilia Jacinta hivyo. Yeye mwenyewe alikuwa analia kwa siri, mdomo umezibwa na kanga ya mtoto, maana kambi ilikaa pale miaka tisa na walikuwa wanawaandika wanaolia. Akawaza, basi iwe hivyo. Feliciana amepata wa kumlilia. Ana jeneza jeupe. Mimi nitamlea wake na yeye atamlea wangu.

Kisha akamwona Tomasa amepiga magoti kwenye sanduku jingine, anaongea na ile nguo nyekundu kwa sauti ndogo. “Mama,” anasema, “mimi ndiye Tomasa. Nimemaliza darasa la tisa.”

Alikuwa anampa habari zake mtu asiyekuwa mama yake.

“Feliciana,” Engracia akasema.

Yule mwingine aliendelea kuimba jina la Cecilia.

“Feliciana, nguo ni ya mwanao. Mifupa ni ya mwanangu.”

Mgeni akaacha kutafuna.

“Unasemaje?” Feliciana alisimama polepole. “Unasemaje wewe?”

“Walibadilishana nguo. Nilikuwepo.”

“Watu wa Chemanil!” Feliciana akapaza sauti, akiwageukia wenzake. “Mnawasikia? Walituletea vita, waasi wao wakaninyang'anya mwanangu, na sasa wanataka hata mifupa! Mwanangu avue huipili yake? Avae hiyo? Afadhali angetembea uchi!”

“Usimtukane mama yangu!” Tomasa akaruka, kisha akasimama, hajui tena mama yake ni yupi. “Bibi? Ni kweli?”

“Kaa chini, mwanangu. Na wewe kaa, Feliciana. Baadaye unipige, nitakuachia. Lakini kwanza nisikie.”

Hakuna aliyekaa. Engracia akasema hivyo hivyo, amesimama, mikono imeshika shuka alilojitanda.

“Ilikuwa Alhamisi ya soko. Mimi na Jacinta tulishuka kununua chumvi na dawa ya kikohozi ya huyu Tomasa, nilikuwa nimembeba mgongoni. Katikati ya soko habari zikaja kwamba wanajeshi wameweka kizuizi hapa njia panda, soko linapoishia, na kila msichana wa nguo nyekundu anashushwa njiani. Mimi mzee wangeniacha, wasichana ndio waliotakiwa. Mwanao alikuwa anauza nyuzi kwa Jacinta kila Alhamisi, walikuwa marafiki, wewe hukujua na mimi sikupenda. Akaja akasema, Jacinta, vua yako uvae yangu. Jacinta akakataa. Cecilia akasema, mimi watanijua, baba yangu yuko kwenye doria yao, nikisema jina lake wataniachia. Wakabadilishana nyuma ya meza ya muuza mishumaa. Na mimi, Feliciana…” Akainua pembe ya shuka. “Mimi nilisimama nikawakinga na shuka hili. Ningeweza kusema hapana, mtoto wa watu asivae hatari yetu. Sikusema. Nilimwambia Mungu akubariki, nikamfunga mwenyewe mkanda kiunoni.”

Feliciana hakupepesa macho.

“Jacinta akapita na ya bluu. Hawakumwuliza kitu. Alikuwa ameshavuka, ameshafika pale penye jiwe lile. Nyuma yake akaja Cecilia. Akataja jina la baba yake. Walikuwa askari wageni, wameletwa asubuhi ile na helikopta, hawamjui mtu wa hapa. Walijua rangi tu, ndiyo waliyofundishwa. Wakamshika nywele. Na Jacinta…”

“Jacinta alifanya nini?” Tomasa akauliza.

“Alirudi. Nilimwita, nikamwita, alirudi anakimbia. Akawaambia, mwacheni, huyo ni wa Vipek, hiyo nguo ni yangu mimi, mimi ndiye mnayemtaka. Basi wakawa na wawili. Mimi nilikuwa na mtoto mgongoni. Muuza mishumaa alinikamata mikono yote miwili akanificha chini ya meza, akanilalia kwa uzito wake mpaka jioni. Jina lake sikuwahi kulijua.”

Mvua ilikuwa inagonga turubai.

“Miaka kumi na sita,” Feliciana alisema. “Miaka kumi na sita unajua, na unaniona sokoni.”

“Ningesema wapi? Kambini? Kwa mumeo mwenye bunduki yao?”

“Walimlazimisha!”

“Najua walimlazimisha. Wangemlazimisha pia aje kunichukua mimi na mtoto huyu. Kisha kambi ikaondoka, na hapo, kusema kweli, nilikuwa mwoga tu. Niliogopa uso wako.”

“Yule kamanda wa kambi alikuja nyumbani kwangu,” Feliciana akasema, na sasa hakuwa anamwambia Engracia peke yake, alikuwa anawaambia wote, na mgeni, na mlima. “Alikaa kwenye kigoda changu. Nikampa uji wa mahindi, akanywa wote, akapangusa masharubu. Akaniambia, mama, waasi wa Chemanil wamemteka binti yako, lakini jeshi litamrudisha. Akaniachia gunia la unga. Lilikuwa na bendera ya kigeni na picha ya mikono miwili inasalimiana. Mwanangu yuko kwenye shimo lao, hatua mia tatu kutoka barabarani, nami ninawashukuru kwa unga! Nilikula ule unga! Niliwapikia na watoto!”

Akainama kana kwamba anataka kuutapika pale pale. Ni Engracia aliyemshika kiuno. Feliciana akausukuma mkono wake, kisha hakuusukuma tena.

Daktari Ileana alisubiri. Alikuwa mtu anayejua kusubiri. Halafu akauliza, kwa sauti ya chini, “Mama, Cecilia aliwahi kuvunjika mfupa wowote? Utotoni?”

“Mkono wa kushoto. Alianguka kwenye mti wa pichi. Alikuwa na miaka saba. Mganga wa mifupa alimfunga vijiti, ukapona umepinda kidogo.”

Daktari akaenda kwenye sanduku la nguo nyekundu. Akaingiza vidole ndani ya mkono wa nguo, akatoa mfupa mmoja, akaufuta kwa shati lake mwenyewe na kumpa Feliciana kwa mikono miwili. Feliciana akapitisha kidole gumba juu yake taratibu, kama mtu anayetafuta fundo kwenye uzi. Katikati akasimama. Kulikuwa na uvimbe.

Hakupiga kelele. Aliukumbatia mfupa ule, akakaa matopeni na sketi yake nzuri.

Tomasa alikuwa ameshahama. Alikuwa kwenye sanduku la bluu, ameegemeza shavu kwenye mbao, anaanza upya habari zake tangu mwanzo.

Mgeni wa kofia akasogea, akamnong'oneza Tomasa kitu, akionyesha kamera.

“Anasema,” Tomasa alisema bila kuinua kichwa, “kama akina mama wawili mnaweza kushikana mikono. Anataka picha ya maridhiano.”

“Mwambie aende pwani,” Feliciana akajibu kutoka chini. “Kamanda yuko kule anafuga ng'ombe, amestaafu na nishani zake. Akampige picha yeye. Na akitoka hapo apande ndege akampige picha aliyemfundisha. Sisi hatukugombana, mimi na huyu. Tuligombanishwa.”

Mgeni akaifunga kamera ndani ya mfuko wake. Baadaye kidogo alionekana akisaidia kubeba ndoo za udongo, na hakuna aliyemzuia.

Kulikuwa na jambo moja bado. Daktari alisema, na aliona aibu kusema, kwamba nguo hizo mbili hazitazikwa. Lazima ziende mji mkuu ndani ya mifuko ya karatasi, zipewe namba, ziwe ushahidi wa kesi.

“Kesi ya nani?” Engracia akauliza. “Nani amekamatwa?”

“Hakuna bado, bibi.”

“Lini?”

Daktari Ileana hakudanganya. “Sijui. Lakini kama nguo zikizikwa, hatakamatwa mtu kabisa.”

Engracia na Feliciana wakatazamana. Kisha Engracia akavua shuka lake, lile lile la siku ile, na kumfunika nalo Cecilia. Feliciana akafikiri kidogo, akafungua mtandio wake wa bluu kichwani, akautandaza juu ya Jacinta na kuukunja pembeni vizuri, kama anayemfunika mtoto asipigwe na baridi.

Walipokuwa wanahamisha, ndugu mmoja wa Feliciana alisema jeneza jeupe ni la Cecilia, limelipiwa na kijiji. Hakuna aliyebisha. Lakini Feliciana alikwenda kwenye lile la msonobari, akalipapasa, akayapuliza makaa ya ubani kwenye chetezo chake na kulizungushia moshi mara mbili, mara moja zaidi kuliko alivyolizungushia lake.

Jua lilikuwa limeanza kutoboa ukungu. Watu wa Chemanil wakanyanyua mzigo wao, wa Vipek wakanyanyua wao. Kwenye njia panda, mahali kilipokuwa kizuizi, walisimama kidogo. Engracia alitaka kusema nisamehe, lakini neno lilionekana kwake dogo mno, akabaki anamrekebishia Feliciana mkufu uliokuwa umepinda shingoni.

“Sijakusamehe,” Feliciana akasema. “Usifikiri.”

“Sijafikiri.”

“Usiku nitakutukana peke yangu kitandani.”

“Nitukane.”

Feliciana akageuka kuwafuata wenzake. Alitembea hatua kumi hivi, akasimama, akarudi mbio mbio na sketi ameishika mkononi, na watu wa vijiji vyote viwili wakasimama kumtazama. Akamshika Engracia mkono juu ya kiwiko, akamkaza.

“Alhamisi ukitoka sokoni vuka mto uje kwangu,” alisema. “Na Alhamisi nyingine pia. Wewe ndiye uliyemwona mwisho. Hujaniambia kama siku ile alikuwa amekula.”